Je, Bugali Una Kesi ya Kujibu?

MZEE MKULIMA: Mimi sifichi. Ugonjwa wa sukari na tansio, yaani presha, viliingia hapa Kirumba kupitia mlango wa duka. Baba yangu alilima milima hii mpaka akatembea kwa fimbo, akafa kwa uzee. Alikula maharagi, makemba, viazi, sombe, na samaki waliopandishwa kutoka Kamandi kwa vichwa vya akina mama. Leo mtu anaamka na mkate mweupe na chai ya vijiko vinne vya sukari, jioni anazamisha mboga kwenye mafuta ya bidoni, halafu anauliza kwa nini nyayo zinawaka moto.

MUGANGA: Baba yako hakuijua tansio kwa sababu hakuna aliyemfunga mkono akampima. Tansio haipigi hodi, mzee. Mtu alianguka shambani, mdomo ukapinda, ukoo ukaanza kutafutana: nani kamroga? Wengi wa hao waliorogwa ningependa sana kuwa nimewapima.

MZEE MKULIMA: Zamani walioanguka walihesabika. Sasa kila nyumba ina wake.

MUGANGA: Hapo sikubishii, wanaongezeka na kituoni nawaona. Ninachokataa ni kuitakasa jana yote kwa sababu leo inauma. Nikuulize: rovu uliwahi kuliona?

MZEE MKULIMA: Shingo zilizovimba? Nani wa rika langu hakuziona! Palikuwa na mama mmoja, jua liwake lisiwake, kitambaa shingoni hakivui. Na kulikuwa na watoto mabubu, wafupi, wasioshika mafundisho. Tulisema ni laana ya ukoo.

MUGANGA: Laana hiyo ilikaa kwenye sahani. Tena sahani ile ile unayoililia. Udongo wa milima yetu umeoshwa na mvua miaka na miaka, iodi imebaki kidogo, na kinachoota juu yake kinakuwa nayo kidogo. Juu ya hapo ongeza muhogo. Miaka ya 1960 watafiti wa Ubelgiji, akina Delange na Ermans, walikwenda kisiwa cha Idjwi, Ziwa Kivu. Kisiwa kimoja, iodi haba pande zote. Kaskazini zaidi ya nusu ya watu walikuwa na rovu. Kusini-magharibi ni wachache tu. Walipotafuta kilichotofautiana wakaukuta muhogo. Muhogo una sumu ya sianidi. Mwili unaivunja makali, lakini kinachobaki kinaizuia iodi isiingie kwenye tezi ya shingo. Mwenye iodi ya kutosha anavumilia. Asiye nayo, tezi inavimba ikitafuta, na mama mwenye mimba anazaa mtoto ambaye ubongo wake umeshapunjwa tumboni.

MZEE MKULIMA: Lakini chumvi tulikuwa nayo! Babu zetu waliifuata Katwe, ng'ambo ya Ziwa Edouard, wakairudisha kwa mitumbwi na migongo. Biashara ya Wanande ilianza na chumvi ile kabla ya mtu yeyote kufungua duka Butembo.

MUGANGA: Ilikuwa chumvi, ndiyo, lakini hakuna aliyeitia iodi. Yenye iodi ilikuja kwa lori, kutoka pwani ya Kenya, ikapita Uganda na mpaka wa Kasindi. Miaka ya 1990 ndipo nchi ilipokaza kamba kwamba chumvi ya kula lazima iwe na iodi, na kwa muda mfupi rovu jipya likawa haba. Kwa hiyo mlango wa duka unaoulaani umewatibu watu wengi kuliko mimi.

MAMA WA DUKA: Mungu akubariki, muganga. Miaka yote hii hakuna aliyewahi kunishukuru kwa gunia la chumvi. Sasa nami nina swali, usinikasirikie. Mwaka huu wateja wananiambia wamekatazwa chumvi hospitalini. Jana chumvi ni dawa, leo ni sumu. Mkae kwanza mkubaliane wenyewe, halafu mtuambie sisi.

MUGANGA: Ni kiasi, mama. Shirika la Afya Duniani linasema mtu mzima asipite gramu 5 kwa siku. Hicho ni kijiko kimoja cha chai, na ndani yake imo chumvi yote: ya mboga, ya mkate, ya samaki.

(Neno *kiasi* halimfurahishi mtu yeyote Kirumba wala kwingine. Mtu anataka aambiwe hiki ni kizuri, kile ni kibaya, aende zake nyumbani.)

MAMA WA DUKA: Kijiko kimoja! Basi nikwambie kinachotokea kwenye meza yangu, maana ninyi hamkioni. Mtu akikatazwa chumvi anaacha kununua ile ya iodi, ya mfuko. Halafu mboga haina ladha, mume ananuna, anarudi kununua vile vipande vya kuungia vilivyofungwa kwenye karatasi, vitatu kwa sufuria. Au anachukua makayabu, samaki wa chumvi. Nimeonja vyote. Ni chumvi tupu iliyovaa nguo nyingine.

MUGANGA: Umesema kweli kuliko karatasi tunayogawa. Na wewe vilevile una kosa: unafungua gunia, unaipima vikopo, inakaa juani na kwenye unyevu mpaka jioni. Iodi inakimbia.

MAMA WA DUKA: Mteja ana pesa ya kikopo. Nimfungie mfuko mzima kwa pesa ya nani?

MZEE MKULIMA: Mnaona? Mmeshaanza kugombana juu ya vitu vya dukani. Mawese je? Mawese mekundu ya Mbau na Beni, nayo yana kesi?

MUGANGA: Hayo nakupa ushindi, nusu. Ule wekundu ndio mwili unaoutumia kutengeneza vitamini A. Mtoto anayeyapata haingiliwi na upofu wa jioni kwa urahisi. Mafuta meupe ya bidoni wekundu wake umeondolewa kiwandani. Nusu nyingine ninaizuia: mawese yakikaangiwa mandazi wiki nzima mpaka yageuke meusi, usiniambie bado ni chakula cha mababu.

MZEE MKULIMA: Nusu ya ushindi nimeipokea. Lakini wewe umetaja rovu kana kwamba ndiyo hesabu yote ya zamani. Tulikuwa hatufi njaa.

MAMA WA DUKA: Baba, hapo niache niseme mimi, kwa heshima. Bwaki ilikuwa nini?

MZEE MKULIMA: Bwaki ililetwa na vita.

MAMA WA DUKA: Bibi yangu alizika watoto wawili wa bwaki, miguu imevimba, nywele zimegeuka rangi ya mahindi, na wakati huo hapakuwa na vita wala nusu ya vita. Shamba lilikuwa limejaa.

MUGANGA: Na si hapa peke yake. Daktari Cicely Williams aliuandika ugonjwa huo miaka ya 1930 akiwa Gold Coast, ambayo leo ni Ghana, akaupa jina la wenyeji, *kwashiorkor*: ugonjwa wa mtoto anayeondolewa titini kwa sababu mdogo wake amekuja. Ametoka kwenye maziwa, ameingia kwenye uji wa muhogo. Tumbo limejaa, mwili umekosa. Huku kwetu Kivu hospitali ya watoto ya Lwiro imewatibu hao kizazi baada ya kizazi.

MAMA WA DUKA: Semeni pia kwa nini uji ulikuwa mtupu. Kuku yupo, yai lipo, maharagi yapo. Yai linakwenda sokoni. Maharagi mazuri yanakwenda Butembo, yanabaki yaliyotobolewa na wadudu. Kuku akichinjwa, firigisi ni ya baba, mapaja ni ya wageni, mtoto anapewa mchuzi achovye. Sahani ya mababu ilikuwa nzuri kwa aliyekaa karibu na chungu.

MZEE MKULIMA: Unanishtaki mimi au unashtaki desturi?

MAMA WA DUKA: Desturi haina mdomo wa kulia firigisi.

MUGANGA: Hesabu ziko upande wa mama. Uchunguzi wa taifa wa 2013 na 2014 ulikuta watoto 43 katika kila 100 wa chini ya miaka mitano wamedumaa nchini Kongo. Kivu Kaskazini walipita nusu. Kivu Kaskazini, mzee! Lubero ambayo viazi vyake na maharagi yake vinalisha miji.

MZEE MKULIMA: Vinalisha miji kwa sababu daftari la shule halinunuliwi kwa viazi. Ninyi wawili mnaongea kana kwamba mkulima anauza kwa tamaa. Halafu hesabu zako za 2014 ziweke kando. Mwisho wa Juni 2024, vita vilipofika Kanyabayonga na hapa Kirumba, maharagi yangu niliyaacha shambani. Tulielekea Lubero kwa miguu. Unajua kilichotuokoa? Muhogo unaoutukana. Maharagi yanaporwa kwa siku moja. Muhogo umelala ardhini, mchungu, mwizi hauli mbichi. Ukirudi baada ya miezi mitatu unaukuta.

MUGANGA: Siutukani. Najua kwamba uchungu wake ndio ulinzi wake. Ninachosema ni kwamba muhogo mchungu unadai siku zake: kulowekwa au kuvundikwa mpaka ulainike, kumenywa, kuanikwa mpaka ukauke kweli. Na mkimbizi hana siku. Anang'oa leo, anasaga kesho kutwa. Hapo ndipo konzo inapoingia.

MZEE MKULIMA: Konzo ni ugonjwa wa magharibi, wa Kwango.

MUGANGA: Trolli aliuandika akiwa Kwango mwaka 1938, ndiyo, na jina lenyewe ni la Wayaka. Lakini Nampula, Msumbiji, mwaka 1981 ukame ulipiga, watu wakala muhogo mchungu bila kuungoja, na zaidi ya watu elfu moja walipooza miguu. Tarime, Tanzania, mwaka 1985, hadithi ile ile. Kivu Kusini nako umeonekana. Mtu analala mzima, anaamka magoti yamekaza, anatembea kwa ncha za vidole, na haponi tena. Wanaopigwa zaidi ni watoto na akina mama wenye umri wa kuzaa.

MAMA WA DUKA: Na unga ukishasagwa, basi tena? Mimi nauza unga. Siwezi kujua ulilowekwa siku ngapi.

MUGANGA: Kuna njia, aliieneza mtaalamu wa Australia, Bradbury, na Kwango wameitumia. Unaulowesha unga kwa maji mpaka uwe kama tope zito, unautandaza mwembamba kwenye mkeka, saa mbili juani au saa tano kivulini. Sianidi inaruka hewani. Jioni unasonga bugali wako wa kawaida.

MZEE MKULIMA: Hiyo kazi ni ya mwanamke anayetoka shamba saa kumi jioni, jua linakwenda?

MUGANGA: Ndiyo maana nimesema na kivulini.

MZEE MKULIMA: Muganga, kila ugonjwa una jibu kwako, na kila jibu lako linaongeza kazi kwa mtu yule yule.

KIJANA WA MOTO (dereva wa pikipiki): Naomba niingie. Nimewasikiliza muda. Mzee anasema sukari ni ya wanaokula vya dukani. Muganga, ninyi nanyi mkimpima mtu mnamwambia apunguze unene. Niangalieni. Nina miaka 25. Mkanda wangu nimeutoboa tundu la tatu kwa msumari. Nina sukari.

MZEE MKULIMA: Wewe?

KIJANA WA MOTO: Mimi. Walipoipima mara ya kwanza, kwenye kituo kimoja njiani, sitakitaja, waliniuliza nakunywa soda ngapi kwa siku. Soda! Niuze mafuta ya pikipiki ninywe soda? Wakaniandikia vidonge vya wanene. Nikazidi kukonda, usiku nakojoa kama mbuzi, mpaka nilipoanguka ndipo wakanianzishia sindano.

MUGANGA: Mama yako alikubeba mwaka gani?

KIJANA WA MOTO: 1999. Walikuwa msituni wakikimbia. Anasema kuna miezi walikula majani na mizizi.

MUGANGA: Basi nisikilizeni, maana hili limetugawa hata sisi wenyewe. Mwaka 1955 daktari mmoja Jamaica, Hugh-Jones, aliona wagonjwa wa sukari wasiofanana na wengine: vijana, wembamba, waliokulia kwenye uhaba. Mwaka 1985 Shirika la Afya Duniani likauandika kama aina yake, sukari ya utapiamlo. Mwaka 1999 likaufuta, likisema ushahidi hautoshi. Na Aprili 2025, Bangkok, Shirikisho la Kimataifa la Kisukari likaurudisha, likauita aina ya 5. Wapo mabingwa ambao mpaka leo wanatikisa kichwa. Sisi tunaokaa vijijini hatukuhitaji mkutano ili tujue kwamba wapo.

MZEE MKULIMA: Njaa inaleta sukari? Hiyo ni kuniambia ukavu unaleta mafuriko.

MUGANGA: Si mbali na hivyo. Kongosho ndilo linalotengeneza insulini, na linajengwa tumboni mwa mama na katika miaka ya kwanza. Likijengwa kwa vifaa pungufu, linabaki dogo maisha yote. Uholanzi, majira ya baridi ya 1944 na 1945, Wajerumani walikata chakula. Watoto waliokuwa tumboni miezi ile walipofika miaka hamsini, miili yao ilishindwa kuihimili sukari kuliko ya waliozaliwa kabla au baada. Na hao walikuwa na njaa ya miezi tu. Wetu wana njaa ya miaka.

KIJANA WA MOTO: Kwa hiyo mimi ninalipa deni la 1999?

MUGANGA: Kwa mtu mmoja siwezi kuapa. Huenda ni hilo, huenda ni aina ya kwanza, kinga ya mwili imelishambulia kongosho. Kipimo cha kutenganisha hatuna hapa.

(Naandika haya nikijua kwamba hapa ndipo hoja za wote watatu zinapochanika, na hakuna aliyetaka kuwa wa kwanza kusema hivyo.)

MZEE MKULIMA: Kama ni hivyo, basi mimi nilikosea mlango, na wewe ulikosea pia. Mimi nimeshtaki alichokula, wewe umeshtaki alivyokula. Kinachomuua ni ambacho hakukila.

MAMA WA DUKA: Na mama yake ambaye hakula. Mbona hamumtaji?

KIJANA WA MOTO: Mnitaje mimi kwanza, bado nipo. Nilipewa karatasi: samaki wasio na mafuta, mboga, matunda, bugali usile. Nikaifuata, kwa sababu naogopa kufa. Sokoni kuna mtu anauza maji ya limau, kitunguu saumu na majani fulani, anasema sindano inazoesha mwili, acha, sukari inaondoka kwa siku 21. Nikaiacha sindano. Siku ya nne nilikuwa napumua kama niliyepanda mlima, mdomo unanuka tunda lililooza. Waliniokota.

MZEE MKULIMA: Majani yapo yanayosaidia. Usiyatukane yote kwa ajili ya mwongo mmoja.

MUGANGA: Yapo yanayoshusha sukari kidogo kwa mtu ambaye kongosho lake bado linafanya kazi. Kwa huyu, kuacha sindano ni kujichimbia. Na karatasi ile nayo, samahani, iliandikwa kwa mtu mnene wa mjini. Mwembamba anayechoma sindano halafu akaacha bugali, sukari inashuka, anatetemeka, anaanguka na abiria mgongoni. Huyu anahitaji ale. Bugali kiasi kile kile kila siku, saa zile zile, na upande wake maharagi yawe mengi, lengalenga, dagaa wakipatikana. Maharagi yanaichelewesha sukari isiruke yote mara moja.

KIJANA WA MOTO: Saa zile zile? Mimi nakula barabara inaponiruhusu. Kuna siku nafika Butembo, kuna siku nalala njiani. Na sindano zenyewe naziweka kwenye chungu ndani ya chungu, katikati mchanga wa maji, kwa sababu friji nimeiona kwa padri tu.

MUGANGA: Chungu hicho endelea nacho, ni sahihi. Beba mkate mfukoni.

MAMA WA DUKA: Mkate mweupe wa duka? Mzee amesikia?

MZEE MKULIMA: Nimesikia. Cheka tu. Lakini nina neno kwa muganga. Ukikaa na huyu, unamwambia ale maharagi. Ukikaa na mwenye tansio, apunguze chumvi, ale maharagi. Mama mwenye mimba, maharagi. Mtoto wa bwaki, maharagi. Wote umewatuma kwenye shamba langu. Nani ameuliza shamba langu liko mikononi mwa nani leo, na mbegu nimepata wapi?

MUGANGA: Mimi nina kituo cha afya, mzee. Sina jeshi.

MZEE MKULIMA: Basi usiniambie kwamba ugonjwa unatoka kwenye chakula. Sema unatoka kwenye barabara iliyofungwa na vita.

MUGANGA: Nikisema hivyo nitamwandikia nini huyu kijana? Barabara siwezi kuiandika kwenye karatasi. Nitaandika ninachoweza, hata kama ni robo ya ukweli. Na wewe usijifiche nyuma ya barabara: kabla ya barabara kufungwa, firigisi ilikuwa ya nani?

MZEE MKULIMA: ...

MAMA WA DUKA: Baba, tuache hayo kidogo. Gunia ulilonishushia asubuhi bado halijapimwa. Ni maharagi yote uliyovuna?

MZEE MKULIMA: Yote. Mwezi ujao ni Septemba, watoto watatu wa shule.

MAMA WA DUKA: Na binti yako si ana mimba ya miezi mitano? Nipime yote, au nikuachie vikopo kumi?

MZEE MKULIMA: Vikopo kumi ni karo ya mtoto mmoja.

KIJANA WA MOTO: Mimi nanunua viwili, nikipata abiria wa Kayna.

MZEE MKULIMA: Pima yote, mama. Halafu ngoja. Hebu niambie kwanza bei ya leo.